Taa ya Shemeji Mpole

Mpiga picha wa filamu, ambaye wenzake kazini walimwita Kivuli, alikuwa hoi bin taabani. Filamu ya mauaji ilikwisha, miguu ilimvimba, na mkewe alikuwa amehama, akaenda kukaa na dada yake mwenyewe, kwa sababu ya taa.

Taa yenyewe ilikuwa ya mezani, ya sebuleni kwao, maana filamu ilipigwa humo humo nyumbani. Kivuli aliyachezea shere macho ya watu. Palipo salama alimwaga mwanga wa buluu, baridi kama mochwari. Muuaji wa filamu hiyo, shemeji mpole, alipokaribia, taa ile iliwaka njano kama asali. Mara ya kwanza watazamaji walistarehe. Baadaye, ikiwaka tu, walishikana mikono kabla hata mlango haujafunguka. Wapo wanaoapa kwamba bwana mmoja alitoka ukumbini akakimbizwa mtaa mzima na ndizi mbivu, kwa unjano wake tu, na hakuna aliyewabishia.

Mkewe naye aliitazama filamu hiyo. Ndiyo maana alihama.

Jioni ile alirudi kuchukua nguo. Kivuli, akitaka kumlainisha abaki, alikuwa ameiwasha taa. Mke akaganda mlangoni.

"Zima."

"Mama watoto, si ndiyo taa tuliyoanzia maisha?"

"Ilikuwa yetu. Sasa ni ya shemeji yule. Nikiiona naangalia nyuma."

Kivuli akaizima, akawasha ya buluu ya kazini. Mke akajitazama mikono.

"Haya, umeshanizika."

Kivuli akaifunika taa ya buluu kwa karatasi nyekundu.

"Na hapa ni baa. Baba watoto, unanirudisha nyumbani au unanipiga picha?"

Kivuli akajitupa kwenye kochi, karatasi za rangi zikamwagika miguuni. Kutisha watu kwa mwanga alikujua miaka na miaka. Kumtoa mtu hofu hakuwahi kuagizwa.

Mkewe akaenda dirishani, akalivuta pazia jeusi la filamu. Mwanga wa jioni ukaingia, wa bure, usio na rangi ya kusifia. Ukaonyesha vumbi, vikombe vichafu, na uso wa mumewe.

"Umechakaa hivi tangu lini?"

"Tangu siku ya kwanza. Mimi hukaa nyuma ya taa, nani angeniona?"

Mke akaweka mkoba chini. "Taa ya mezani apewe dada. Yeye filamu hajaiona."

"Na sisi kukiingia giza?"

"Kwani kwenye filamu yako uliua mtu gizani?"

Kivuli akawaza, macho yamemlegea. "Hapana. Gizani hakukutokea kitu."

"Basi sogea nikae."