Rangi Kumi na Sita

Donald, karani wa kampuni iliyonunua ranchi ya Maungu, alikuja na kompyuta yake kuukuu mpaka duka la Fuad, Voi. Windows inawaka, lakini tangu asubuhi ramani ya ranchi haifunguki.

"Nataka ifunguke tu. Mambo mengine wacha."

Fuad, fundi aliyejifunza mwenyewe kwa kuunguza mashine za watu, aliiwekea rangi kumi na sita za kawaida. Ramani ikafunguka, Maungu yote kijani kitupu.

Mama Koki, mkazi wa Maungu aliyekuja na Donald, aliinama kutazama. Wenye mashamba walikuwa wamemtuma yeye atie sahihi ya mwisho kwenye mkataba wa kampuni.

"Kijani ndiyo sisi?"

"Ndiyo nyinyi, mama. Hakuna aliyeguswa." Donald akamsogezea karatasi.

"Babangu pia aliambiwa hivyo," Koki akasema. "Ile ilikuwa ramani ya karatasi, na mzungu alikuwa na tabasamu kama lako."

Fuad alikuwa anaitazama skrini. Kijani kile kilikuwa na vidoadoa, kama kitambaa kilichofumwa vibaya. Mashine ikikosa rangi hubabaisha: huchanganya ilizo nazo. Basi ramani ilikuwa na rangi ambazo hazionekani.

"Ngoja, mama. Usiandike bado." Akatoa disketi ya draiva ya kadi ya picha, programu ya kuipa skrini rangi zaidi.

"Nimekwambia wacha!" Donald akasema. "Imefunguka, inatosha!"

"Mteja wangu hajatosheka," Fuad akasema, akimwonyesha Koki kwa kidevu.

Skrini ikawa nyeusi. Feni ikakoroma. Donald akaenda kusimama mlangoni. Kisha Windows ikarudi na rangi mia mbili hamsini na sita.

Sasa kijani kilikuwa cha aina mbili. Kile kilichofifia kilianzia relini kikameza kisima, kanisa, na nyumba kumi na saba. Pembeni palikuwa na maelezo ya Kiingereza, na Fuad akayasoma kwa sauti: "Wa kuhamishwa."

Koki akaweka kalamu chini. "Na wenzangu waliotia sahihi jana kule Mwatate, waliona nini?"

"Waliona kijani kitupu, kwa mashine hii hii," Donald akajibu, ametulia sasa. "Kumi na sita kati ya kumi na saba wameshatia sahihi. Wewe hata usipoandika, mama, tutaendelea."

Akachomoa kijitabu mfukoni, akamgeukia Fuad.

"Jina la baba yako nani vile?"

Mwaka ule watu waliulizwa swali hilo, wakachukuliwa, wasirudi.

"Mwinyihaji," Fuad akasema. "Andika vizuri."