Kati ya Malango Mawili

Mzee Lurie alikuwa na miaka themanini na mmoja, na Jumamosi ile ya Machi 2019 alitaka jambo moja tu: kuwahi sinagogi. Mwaka ulikuwa umetimia tangu mkewe, Bluma, afariki. Kadishi, sala ya kumkumbuka marehemu, huisemi peke yako. Lazima wawepo wanaume kumi wa Kiyahudi.

Tabia, mama wa Tanga aliyekuwa akimtunza, alimshika mkono wakashuka ngazi. Siku ya Sabato mzee hagusi umeme, kwa hiyo Tabia ndiye aliyepitisha kadi ya kufungulia malango mawili ya jengo. Lango la ndani likafunguka, wakatoka, likajifunga nyuma yao. Kabla hajafungua la nje, umeme ukakatika.

Wakabaki katikati, kwenye kizimba cha nondo kisichotosha hata kitanda. Tabia alisukuma huku, akasukuma kule. Akamwita Marcellin, mlinzi Mkongo, lakini Marcellin alikuwa nyuma ya jengo akiwasha jenereta la pampu ya maji, na ngurumo yake ilimeza kila sauti.

"Tusubiri," mzee alisema, Tabia alipotaka kupiga simu.

Jua likapanda. Ili kuusukuma muda, mzee akamsimulia habari za baba yake, aliyetoka Lithuania na cherehani moja akafungua duka hapa hapa mjini, mtaa wa Doornfontein. Kila Ijumaa jua likikaribia kuzama alifunga duka, hata kama mteja amevaa suruali mguu mmoja.

Tabia hakucheka. Moshi wa dizeli ulikuwa umeingia kizimbani, na kifua kilianza kumbana.

"Pampu yako ya pumu iko wapi?"

"Juu... kwenye mkoba."

"Nipe simu."

Tabia akatikisa kichwa. "Sabato, mzee."

"Uhai unatangulia Sabato. Ndiyo sheria yetu, sikuitunga mimi. Lete!"

Tangu utotoni mzee hakuwahi kugusa simu siku ya Sabato. Akaipokea. "Namba ya siri?"

Sauti ilikuwa imemwisha. Tabia alimwonyesha kwa vidole: viwili, vitano, kimoja, vinne. Mzee akakosea, akarudia, akalipata jina la Marcellin, akapiga tena na tena hadi akapokea.

Marcellin alikuja mbio, akapokea ufunguo wa nyumba kupitia nondo, akarudi na pampu. Tabia akavuta mara mbili, mara tatu. Polepole kifua kikaachia.

"Eish, dada, umenitisha," Marcellin alisema. "Nimezima jenereta. Fundi wa malango anatoka Randburg, upande wa pili wa mji."

Randburg ikawa mbali sana siku ile. Saa sita hivi wanaume wenye mashali meupe ya sala walianza kupita barabarani. Sala ilikuwa imekwisha. Mzee akashika nondo, akawatazama.

"Nisamehe, mzee," Tabia alisema. "Ungewaita kwanza watu wa kutufungulia lango, uwahi sala, si kunihangaikia mimi."

"Bluma angesikia nimefanya hivyo, angenifungia nje."

Mmoja wa wale wanaume akamtambua, akasimama, akasikia yaliyotokea. Akawaita wenzake. Walijihesabu: pamoja na mzee, wanane. Kijana mmoja akakimbia kuwatafuta wawili. Walipotimia wakasoma zaburi pale pale kando ya barabara, kisha mzee, akiwa bado amefungiwa, akaisema Kadishi. Kila kituo wakamwitikia amina. Tabia alisimama nyuma yake akiwa amemshika kiuno asianguke.

Fundi alifika saa saba. Lango lilipofunguka, mzee hakuweza kupiga hatua. Miguu ilikuwa imekufa ganzi. Aliomba kiti.