Makato ya Kigae Huduma

Tangu astaafu, Rula alikuwa na kazi moja ya kila mwezi ambayo hakumwachia mtu, nayo ni kusoma taarifa ya akaunti. Alikuwa seremala wa fremu za milango na madirisha. Jina hilo alipewa na mafundi wenzake, kwa kuwa hakuliamini jicho la mtu yeyote, hata lake mwenyewe. Kila ubao sharti uwekewe rula kabla ya msumeno. Siku hizi mbao hazikuwepo. Kilichobaki cha kupimwa ni akaunti moja, yake na mkewe, ambamo iliingia kodi ya vyumba viwili vya nyuma na ambamo zilikaa fedha za mashine za udobi, ambazo mkewe aliziuza alipofunga duka lake la dobi. Rula alichapishiwa karatasi benki, akaja kuzitandaza juu ya meza ya chakula, akalaza rula chini ya mstari wa kwanza na kuanza kushuka taratibu.

Mwezi ule rula ilisimama katikati ya ukurasa. Palikuwa na jina, Kigae Huduma, na mbele yake makato madogo, ya kununulia mkate na maziwa ya siku mbili tatu. Akafungua karatasi za nyuma. Walikuwepo tangu mwaka uanze, kila mwezi, tarehe ileile, na yeye miezi hiyo yote aliwadhania ni ada ya benki. Mwaka uliopita hawakuwepo. Mwaka uliopita, mahali pale, palikuwa na makato ya simu, ambayo Rula siku zote aliyachukulia kuwa ni simu ya mkewe. Sasa hayapo. Akajisemea kwamba mkewe naye kahamia kwenye vocha kama watu wengine, akaendelea.

“Mama,” aliita. “Unawajua hawa Kigae Huduma?”

Mkewe alikuwa jikoni anamenya vitunguu. “Kigae? Nyumba yenyewe hii ya bati, vigae katuuzia nani?”

“Ndiyo nauliza. Wanatukata kila mwezi.”

“Wezi hao. Wameona wazee wawili wamesinzia, wakatia mkono mfukoni. Kesho kawafuate. Na usiende na huo upole wako, wa kuuomba mlango radhi ukikubamiza kidole.”

Rula alicheka kidogo. Mkewe alikuwa na ulimi wa upanga, na nusu ya maisha yao ulimi huo ndio ulioisimamisha nyumba. Ulidai madeni ya wateja, ukafukuza madalali, ukawanyoosha wapangaji. Lakini ndio pia uliomfungia mtoto wao mlango, na hilo Rula hakuwahi kulisema kwa sauti.

Walikuwa naye mmoja tu. Siku moja kijana alichukua malipo ya wateja pamoja na fedha za mashine mpya ya kupigia pasi, akaenda kuzitia katika biashara ya marafiki, biashara ikayeyuka. Mkewe alisimama kizingitini akamwambia, ukivuka hapa mimi sina mtoto. Kijana akavuka. Duka halikumaliza mwaka baada ya hapo. Picha zake zilishushwa ukutani, na jina lake likawa halitajwi mezani. Miaka ikapita. Rula alikula, akalala, akacheka na mkewe, lakini ndani ya moyo aliweka kijiwe kimoja kigumu chenye jina la mkewe, na kila alipoamka alikikuta palepale.

Benki, dada wa huduma kwa wateja alimsalimia vizuri. “Shikamoo, mzee wangu.”

“Marahaba, mwanangu. Kuna watu wananikata siwajui.”

Dada aliitazama karatasi, kisha kompyuta. “Haya ni makato ya moja kwa moja. Wao wanaomba, sisi tunatoa, kwa sababu kuna siku mwenye akaunti alisaini kukubali. Akaunti ni ya watu wawili. Mama umemuuliza?”

“Nimemuuliza. Anasema ni wezi.”

“Maana mara nyingine jina linalotokea hapa si la duka unalolijua, mzee. Kampuni moja inaweza kuwakusanyia wengine. Umejaribu kuwapigia?”

“Nimepiga. Wananiimbia tu, mpaka vocha inakwisha.”

Dada alicheka, akamwekea fomu ya pingamizi mbele. Rula aliisoma yote, na maandishi madogo ya nyuma pia. Palikuwa na visanduku. Alitia alama kwenye kile kilichosema kwamba mteja hayatambui malipo haya na hakuyaidhinisha. Akasaini. Dada akamweleza kuwa wakishindwa kuthibitisha, benki itamrudishia na kuwafungia mlango wasiweze kukata tena.

Fedha zilirudi. Hazikuwa nyingi, lakini Rula alitembea siku hiyo kama mtu aliyejenga ghorofa. Alipita dukani akamnunulia mkewe kandambili mpya za bafuni, na mkewe akazivaa hadi nje, kwenye mlango wa wapangaji.

“Msimwone kimya,” aliwaambia. “Huyu mzee kaivua kampuni nzima suruali.”

Sifa za mkewe zilikuwa adimu. Rula alizitunza miezi kadhaa.

Jumapili moja baada ya chakula cha mchana alimkuta amekaa kitandani, kabati liko wazi. Mkononi alikuwa na simu ndogo ya zamani iliyofungwa mpira usifunguke mgongo, na waya wa chaji umeingia ukutani.

“Hebu itazame wewe fundi,” mkewe alisema bila kuinua uso. “Imekufa. Inaandika hakuna huduma, miezi sasa, nikadhani ni mtandao. Nimeizima na kuiwasha mpaka vidole vimechoka.”

Rula aliitambua. Ilikuwa simu ya duka, ile ambayo namba yake ilipakwa rangi juu ya mlango wa dobi, tarakimu kubwa za buluu. “Hii si tuliitupa?”

“Ulidhani tuliitupa.”

“Ya nini, mama? Duka halipo.”

Mkewe alichomoa waya wa chaji. Kisha akasema, kama anayemsomea mtu bei, “Tumehama. Wewe umebadilisha laini. Na mimi hiyo nyingine niliinunua baadaye. Namba anayoijua ni hii peke yake. Ameikariri tangu shule.”

Rula alikaa. Kitanda kililia.

“Alipiga mara mbili,” mkewe aliendelea. “Mara ya kwanza mwaka juzi, ya pili mwaka jana. Namba kaificha. Hakusema kitu. Nilimjua kwa kikohozi, kile chake cha kusafisha koo kabla hajaomba kitu.”

“Na wewe ulisema nini?”

“Nilisema haloo.”

“Basi?”

“Basi. Ningesema nini, mzee? Ulimi wangu unaujua. Niliogopa ningeufungua ukatoka vilevile ulivyotoka siku ile. Nikasema akipiga mara ya tatu nitakuwa nimeshajipanga.”

Kijiwe ambacho Rula alikuwa nacho kifuani miaka yote hakikujua pa kukaa. Alitaka kumuuliza kwa nini hakumwambia, akajiona hana haki ya swali hilo, maana na yeye aliyanyamazia yake. Akatoa kadi, akaipangusa kwa shati, akairudisha. Simu ikaandika vilevile.

Jumatatu walikwenda pamoja ofisi ya kampuni ya simu. Kijana mwenye tai aliandika namba kwenye kompyuta, akakunja uso.

“Laini hii ilikuwa ya kulipia kwa mwezi. Tangu mwaka uanze hatukusanyi wenyewe, tumewapa kazi hiyo Kigae Huduma. Wateja wote tuliwatumia ujumbe.”

“Mliutuma wapi?” mkewe aliuliza.

“Kwenye laini yenyewe, mama.”

“Mimi naangalia nani kapiga. Meseji zenu za matangazo nani anazisoma?” Lakini sauti haikuwa na makali. Alishaanza kuelewa, na Rula alielewa nusu hatua mbele yake, akawa ameshika ukingo wa kaunta.

“Kisha benki ikadai malipo yarudi,” kijana alisema. “Wameandika mteja hayatambui. Mteja akishasema hayatambui, laini inafungwa. Baada ya muda namba inapewa mwingine.”

“Imeshapewa?” Rula aliuliza.

“Imeshapewa, mzee.”

Rula alingoja. Alingoja ule upanga utoke, umkate mbele ya watu, na moyoni aliuomba utoke. Mkewe alimgeukia kijana wa tai. “Ni mimi niliyemwambia awafuate,” alisema. “Yeye ni mtu mpole.”

Rula akaenda benki peke yake. Dada yuleyule alimsikiliza hadi mwisho, akafungua faili lake.

“Pingamizi lilishafungwa, mzee wangu. Ulishinda.”

“Naomba nishindwe.”

Dada alitazama kibodi yake. “Hakuna fomu ya hivyo,” alisema polepole, na Rula aliona kwamba kama ingekuwepo angempa.

Ikabaki kupiga. Waliiweka simu ya Rula mezani, ikalala kati yao, kioo kikimwelekea yeye, sauti imefunguliwa. Iliita mara chache tu.

“Vifaranga hapa, karibu,” alisema mwanamke, na nyuma yake kelele za ndege wadogo zilijaa. “Wa wiki au wa mwezi?”

“Samahani, dada. Namba hii zamani ilikuwa yetu. Tulikuwa na duka la dobi.”

“Ah, kumbe ni nyie. Mmenisumbua nyie.”

“Kuna mtu aliyepiga?”

“Si huyo mmoja wenu. Namba kaificha. Napokea, haloo, haloo, kimya. Mtu na kazi zangu, vifaranga wananililia, yeye ananikoholea sikioni.”

Mkewe aliweka viganja vyote viwili juu ya meza.

“Ulimwambia chochote?” Rula aliuliza.

“Nilimwambia kama kazi yake ni kunyamaza, akamnyamazie mama yake. Hajapiga tena. Kwani alikuwa nani?”

Rula alimweleza kwa maneno machache.

“Jamani,” mwanamke alisema. “Mimi sikujua.”

“Hukuwa na namna ya kujua. Tuuzie namba, dada. Utaje bei mwenyewe.”

“Nimeshaiandika kwenye mabanda, mzee wangu, na kwenye mifuko ya chakula, na mkopo nimeuombea kwa namba hii. Siwezi. Ila akipiga nitamwambia. Nimwambie nini?”

Rula alimtazama mkewe, akaisogeza simu karibu naye. Mkewe alifumba macho. Midomo ilicheza bila kutoa sauti, kama mtu anayehesabu nguo za mteja.

“Haloo?” mwanamke alisema. “Mama? Haloo?” Sauti ya vifaranga ikakatika. Kwenye kioo Rula alisoma kwamba salio limekwisha, kisha kioo chenyewe kikazima.

Mkewe akaanza, macho yangali yamefumba.

“Akipiga, usimfokee. Mwambie mama yake alikuwa anasikia. Mara zote mbili nilikuwa nasikia, ni ulimi tu ulionishinda. Mwambie zile fedha hakuna anayezidai. Mwambie tumehama, na umweleze njia, nyumba ya bati yenye fremu za milango za baba yake, atazijua.” Akasita. “Unanisikia, dada?”

Rula alikitazama kile kioo cheusi.

“Anasikia, mama,” alisema. “Endelea.”