Marashi Kwenye Alizeti

Alizeti za mzee Zefania zilikuwa zimechanua zote, zimeelekea mashariki kama watu walioitwa kwa jina moja. Nilisimama ukingoni mwa shamba na shati jeupe, nimejipaka marashi mpaka shingoni. Jumamosi mjomba wangu angempelekea mzee huyo posa. Lakini mimi, Gervas, nilikuwa nimeapa: bintiye Loyce asiponitamkia kwa kinywa chake kwamba ananipenda, posa haiendi.

Kiapo hicho nilikila kwenye banda la video. Tangu enzi za ruksa, biashara ilipofunguliwa, zituletee jenereta na kanda za Kihindi pale kwetu Misigiri, sikukosa onyesho hata moja. Humo nilijifunza kwamba mpenzi hukimbia, huimba, hulia mvuani. Loyce hakuwahi kufanya hata kimoja. Tukikutana kisimani, aliniuliza kama nimekula.

Nikaingia shambani mbio, nikiimba shairi nililolitunga mwenyewe, vina vimekaa sawasawa. Loyce, aliyekuwa akikatia mbuzi majani, aliinuka na mundu mkononi.

“Gervas, umejipaka nini?”

Mizinga ya baba yake ilining'inia mitini pale pale, na nyuki hawapendi harufu ya dukani. Mtoto wa kwetu hulijua hilo kabla hajajua kusoma. Walinishukia usoni, masikioni, ndani ya kola. Nikageuka nikimbie.

“Tulia,” alisema. “Ukikimbia wanakuja wote.”

Akaweka mundu chini, akanijia polepole katikati ya mvumo ule, nyuki wakitembea juu ya nyusi zake. Alinifunika kichwa kwa kanga yake, akaniongoza hatua kwa hatua mpaka mbali na shamba, akanikalisha. Nilipoinua mkono kuchomoa mwiba shavuni, aliushika.

“Usiuminye, sumu itaingia.”

Akaanza kuikwangua miiba kwa ukucha, mmoja mmoja. Ndipo nikauona mkono wake. Ulikuwa umevimba mpaka kiwiko, miiba imesimama, na hakuwa ameugusa.

“Na yako?”

“Yako ni mingi. Ule wimbo umebaki?”

“Ni shairi. Beti tatu.”

“Utanisomea mdomo ukifunguka.”

“Na Jumamosi?”

“Mjomba aje. Mwambie asijipake kitu.”

Ukucha wake ukapita taratibu chini ya jicho langu. Sikupepesa.