Vigelegele vya Ghalia

Asubuhi baada ya harusi, wanawake wa upande wa mume huja na kifungua kinywa. Maandazi, asali, tende na maziwa ni visingizio tu, wanachokuja nacho hasa ni macho. Bwana harusi akiitikia kwa kichwa kwamba ya usiku yametimia, wanapiga vigelegele mtaa mzima usikie. Asipoitikia, atatafunwa yeye kabla ya maandazi.

Ghalia aliyajua hayo, maana hii ilikuwa ndoa yake ya pili. Kwenye ile ya kwanza walipiga vigelegele hadi makoo yakawakauka, naye yuko ndani amejikunyata, kasema hapana na hakuna aliyemsikia. Yule mume hakuwahi kuuliza hata siku moja. Ghalia akadai talaka mwenyewe, akafungua duka la kushona kaftani hapo hapo mjini Meknes, Moroko, akaapa kwamba mwanamume mwingine akiingia maishani mwake, kwanza awe na masikio.

Ndipo akaja Maati, mgane, mwoka mikate wa tanuri la mtaa. Jana, wageni walipoondoka, Ghalia alimwambia waziwazi, "Maati, nakutaka, usidhani vingine. Ila miguu imevimba kwa kucheza, kichwa kinagonga, na mimi nataka nifurahi, sio nivumilie. Leo bado."

"Sawa," Maati akasema. Akauliza kama amkande miguu, akamkanda, wakala lozi na kucheka mpaka usingizi ukawachukua.

Haya, chumbani ni sawa. Asubuhi hii, mbele ya shangazi wa Maati je? Hapo ndipo moyo ulipomdunda Ghalia. Ukoo ulishaanza kunong'ona kwamba mgane huyu tanuri lake limezima siku nyingi. Kuinamisha kichwa mara moja tu kungemwokoa Maati. Na akiinamisha, Ghalia aliwaza, basi neno langu linaishia kitandani, nje halina kitu.

Lalla Batul, shangazi aliyemlea Maati, alitua sinia. Hata maziwa hakumimina.

"Haya mwanangu, koo linaniwasha. Tupige?"

Wenzake wawili walishaweka mikono mdomoni. Masikio ya Maati yakawa mekundu. Ghalia akashika birika, hakuthubutu kumtazama.

"Bado, shangazi."

"Bado nini?"

"Mke wangu alisema bado, nami nikasema sawa."

"Hee, makubwa! Mwanamume mzima unangoja ruhusa? Watu tutawaambia nini?"

"Waambieni mmetukuta tumelala vizuri."

Mmoja wa wale wawili akaguna. "Kumbe kweli limezima."

Ghalia akaweka birika chini. Woga wote ulikuwa umemtoka, kabaki na furaha tupu.

"Dada, habari za tanuri hilo nitazijua mimi, na nikizijua sikuletei ripoti! Nawe shangazi, juzi mbele ya mashahidi mliniuliza kama nimeikubali ndoa. Wote kimya, mnangoja jibu langu. Mbona kungoja mlikujua?"

Lalla Batul akaanza kumimina maziwa.

"Ulimi huu!" akasema.

"Ndio huo huo uliosema nimekubali. Kuleni, maandazi yanapoa."

Walikula, wakaondoka na mengi ya kusema. Ghalia akafunga mlango, akauegemea.

"Ungeweza kudanganya."

"Ungenisikia," Maati akajibu.

Lo, mwanamke akapendeza kwa kicheko! "Basi sikia na hili. Sasa nataka. Sasa hivi, na jua lote hili. Na wewe je, unataka?"

Maati alibaki na glasi mkononi.

"Mimi sijawahi kuulizwa."

"Mimi nakuuliza."

Aliitua glasi taratibu. Macho yalikuwa yamemlowa.

"Nataka sana. Ila naogopa kidogo."

"Hata mimi. Tutaambizana."

Adhuhuri ilipokaribia, dirisha la juu lilifunguliwa. Ghalia, nywele zote mgongoni, akachungulia. Chini, Lalla Batul alikuwa akibishana na muuza mnanaa. Ghalia akaweka mkono mdomoni, akapiga vigelegele peke yake, virefu, vya kushiba.

Muuza mnanaa akaduwaa. Lalla Batul akainua uso, akamwona bi harusi. Kisha akalitupa fungu la mnanaa kapuni, akaweka mkono mdomoni naye, akamjibu.