Theluthi ya Gombo

Kila alfajiri Wahiba na mdogo wake, Radwan, walichimba udongo wa kilima cha magofu kilichokuwa mwisho wa shamba la marehemu baba yao, wakampakia punda kwenda kurutubisha mahindi. Asubuhi ile jembe likagonga mtungi. Ndani mlikuwa na gombo la mafunjo, zima, limejaa maandishi ya Kiyunani.

Radwan alilipakata kama mtoto mchanga. "Dada, nauli yangu ya Iskandaria hii hapa!"

Wahiba aliacha kucheka. Tangu mama yao afe ni yeye aliyemlea kijana huyu. Alitafuta neno la kumzuia, akapata baya.

"Limetoka shambani kwa baba. Ni mirathi. Nataka fungu langu."

"Fungu la gombo? Utalitia kwenye mchuzi wa mulukhiya?"

"Theluthi mbili zako, moja yangu. Au sheria imebadilika kwa kuwa umeota ndevu nne?"

Alidhani Radwan hatathubutu kulichana. Gombo lingekaa sandukuni, na mdogo wake angekaa nyumbani. Lakini kiburi chao kilikuwa kimoja. Radwan alilipima kwa shubiri, akashika penye theluthi, akavuta. Likalia kama majani makavu yakikanyagwa, vumbi la kahawia likamwagika mkekani.

Siku ya soko Radwan alirudi kutoka mjini jioni, uso umemshuka.

"Khawaja Stavro, yule Myunani anayenunua vitu vya kale, kasoma kwa kidole mpaka penye mpasuko," alisema. "Maneno yamekatikia katikati. Kaniita punda."

"Ukamjibuje?"

"Kwamba punda tuko wawili."

Walicheka kidogo, kisha kicheko kikawaishia. Radwan alilipwa bei ya huruma tu, ila ilitosha nauli.

Radwan alipokuwa akifunga mzigo wake, Wahiba alileta kipande chake, amekizungushia mtandio.

"Mpelekee Stavro, akiunganishe na kile."

"Keshakiuza. Mzungu mmoja kaondoka nacho kwenda kwao." Radwan aliinua mzigo begani bila kumtazama. "Kaa nacho tu, dada. Si ni haki yako? Uliitaka mwenyewe."

Alikuwa ameshafika mlangoni. Wahiba aliona unga wa mafunjo ukipenya mtandio alioushika na kumdondoka vidoleni.

"Sikutaka fungu, Radwan," alisema. "Nilitaka usiende."