Mistari Ndani ya Ukungu

Mwalimu Tryphosa alikuwa amefundisha fizikia Gesima miaka kumi na moja bila kuona hata moja ya chembe alizozichora ubaoni. Likizo ya Agosti akasema liwe liwalo. Alichukua tangi la kioo la samaki, akabandika kwenye sakafu yake sponji iliyoloweshwa spiriti, akalipindua juu ya bati jeusi lililokalia barafu kavu, ile ya gesi iliyogandishwa, ili mvuke wa spiriti upoe uwe ukungu ambao chembe zikipita zitaacha mistari ndani yake. Barafu hiyo aliletewa na Ruqiya, muuza aiskrimu wa Kisii mjini.

Mara mbili ukungu uligoma kutulia. Mara ya tatu aligundua hewa inapenya ukingoni, akauziba kwa utepe, akafunga mapazia na kuwasha tochi. Baba yake, mzee Nyamweya, aliyestaafu baada ya kuonja na kupanga madaraja ya ubora wa chai kiwandani kwa miaka thelathini, akavuta kiti.

Mstari mweupe ulikata ukungu, ukafifia. Ukaja mwingine.

"Ni nini hizo?"

"Chembe, Tata. Ni ndogo kuliko atomu. Zenyewe hatuzioni, tunaona njia zilimopita."

Mzee akaomba karatasi. Kwa saa nzima alipiga alama moja kwa kila mstari, katika safu tatu: mifupi na minene huku, mirefu iliyonyooka kule, myembamba ya kupindapinda pembeni. Tryphosa alichungulia, akashangaa. Bila kujua jina hata moja, baba yake alikuwa ametenga aina tatu za chembe: alfa, miuoni na elektroni.

Kisha mstari mmoja mrefu ukageuka ghafla, ukapiga kona kali.

"Miuoni imevunjika, imezaa elektroni!" Tryphosa aliruka. "Na nimeirekodi kwa simu! Nawatumia walimu wenzangu sasa hivi."

"Umeona ngapi za hivyo?"

"Moja."

"Haiwezi kuwa imegonga kitu tu?"

Tryphosa aliitazama tena rekodi. Iliwezekana.

"Mimi sikuwahi kuandika daraja la chai kwa kuonja kikombe kimoja," mzee alisema polepole.

Ilimuuma Tryphosa, lakini alifuta ujumbe aliokuwa ameanza kuandika. Akaongeza safu ya nne kwenye karatasi, akaandika: *Yenye kona. Bado haijulikani.* Chini yake, alama moja.

Barafu iliisha kabla ya kona ya pili. Akampigia Ruqiya simu.

"Utapata nyingine lini?"

"Jumanne, mwalimu. Kiasi gani?"

Tryphosa alimtazama baba yake, aliyekuwa akipiga mistari kwenye karatasi mpya.

"Ya kutwa nzima," akasema. "Tuko wawili."